Ng'ombe wa Muindi Mbingu

City Market ya Nairobi, pale nyama inaning'inia tangu asubuhi, iko kwenye barabara ya Muindi Mbingu. Kama kuna mtu alikusudia mzaha huo, simjui. Muindi Mbingu aliingia matatani kwa kukataa ng'ombe wasigeuzwe nyama.

Mwaka wa 1938 serikali ya kikoloni iliamua kwamba ng'ombe wa Machakos wamezidi. Udongo unamomonyoka, wakasema, kwa hivyo mifugo ipunguzwe. Sawa, udongo ulikuwa unamomonyoka kweli. Lakini Vilima vya Mua, ambako Wakamba walilisha zamani, vilikuwa vimeshagawiwa walowezi. Ukiwa ng'ombe, ukoloni unaujua kwa mdomo: nyasi ulizokula msimu uliopita sasa zina mwenyewe, na ukizigusa unafukuzwa. Mnabanana pale palipobaki, halafu mnaambiwa nyinyi ndio mmeharibu shamba.

Kule Athi River nako, kampuni ya Liebig ilikuwa imejenga kiwanda cha nyama, na kiwanda kinataka ng'ombe wa bei rahisi. Ng'ombe wakaanza kupelekwa mnadani kwa lazima.

Mnadani ng'ombe ni kichwa kimoja kwenye daftari la karani. Nyumbani ana jina. Susu wangu huita wake mmoja mmoja, na anayeitwa ndiye anageuka, wengine wanaendelea kutafuna. Ng'ombe ndiye mahari, ndiye akiba mvua ikigoma. Sasa hebu mwambie mtu kama huyo akuuzie kwa bei uliyopanga wewe.

Julai mwaka huo maelfu ya Wakamba, wanaume kwa wanawake na watoto, walienda Nairobi, kama kilomita 60, wakapiga kambi Kariokor wakitaka kumwona gavana. Walikaa wiki kadhaa. Muindi Mbingu alikamatwa akapelekwa uhamishoni Lamu, lakini kabla mwaka kuisha serikali iliachana na habari ya kulazimisha watu.

Chuoni, kabla sijaacha, tulifundishwa haya kama siasa tu. Mimi hufikiria zizi. Watu wote hao wakiwa Kariokor, nani alikuwa anakamua? Lazima walibaki wazee wachache, mikono haitoshi, na maziwa mengi yakaachiwa ndama. Kwa ndama wa Machakos, nadhani hakukuwa na mwezi mtamu kama ule.