MIJI MINNE ILIFUTWA ILI WATU WANYWE MAJI: NDIYO MAANA HAPA HAUOGELEI!

Usiku wa Aprili 27, 1938, ukumbi wa mji mdogo wa Enfield, jimbo la Massachusetts, Marekani, ulijaa watu nyomi. Bendi inapiga, watu wanacheza. Ilipotimu saa 6 usiku muziki ukanyamaza, ukumbi kimya, wengine wakaanza kulia. Kuanzia dakika hiyo Enfield haukuwa mji tena kisheria, pamoja na majirani zake Dana, Greenwich na Prescott.

Kosa lao? Hakuna. Walikaa bondeni, na jiji la Boston lilikuwa na kiu.

Mto Swift ukazibwa. Watu wapatao 2,500 wakahamishwa, nyumba zikabomolewa, na makaburi zaidi ya 7,000 yakafukuliwa ili mabaki yazikwe kwingine. Bwawa, linaloitwa Quabbin, likajaa 1946.

Ukifika leo ni msitu kila upande na maji ya kuvutia. Jua la Julai likikuwakia unatamani ujirushe. Thubutu! Kuogelea marufuku, hata kuingiza miguu tu marufuku, na mbwa abaki nyumbani. Unaruhusiwa kutembea msituni, kupiga picha na kuvua samaki sehemu zilizotengwa.

Wapo wanaosema huo ni ubahili. Ila cheki hii: maji ya Quabbin hayachujwi kwenye mitambo kama ya miji mingi. Yanatiwa dawa ya kuua vijidudu, lakini ulinzi wa kwanza ni kuyaweka safi kulekule bwawani. Mwili wa mtu, hata aliyetoka kuoga, huacha vijidudu majini, na vingine ni sugu kwa klorini. Wanywaji ni zaidi ya milioni 2, wakiwemo watoto wachanga na wagonjwa ambao kuharisha kidogo tu ni hatari.

Halafu bwawa lenye kina kirefu lina baridi chini hata jua likiwaka. Baridi ya ghafla hukata pumzi, fundi wa kuogelea anazama kama mgeni.

Sheria haina mwenyewe. Hata mjukuu ambaye shamba la babu yake liko chini ya maji yale, anaishia ukingoni. Babu alitoa mji mzima. Mgeni anaombwa tu asiloweshe miguu.

Haya wadau, mngekuwa nyie mngekubali kuhama?