Jani Dogo Kwenye Utepe: Nishani za Wazee Wetu wa Keya



Katika baadhi ya nyumba zetu bado kuna nishani za guku aliyekwenda Keya, kama wazee walivyoliita jeshi la King's African Rifles. Zimo ndani ya kopo, utepe umefifia, na watoto huzichezea. Mwaka huu tumeona tueleze kile kidude kidogo kinachobanwa juu ya utepe, maana ndicho hupotea kwanza na ndicho husema mengi.

Vita vya Pili vya Dunia vilichukua vijana zaidi ya 80,000 wa Tanganyika. Kikosi cha Sita cha Keya, kilichokuwa cha Tanganyika, kilipigana Uhabeshi mwaka 1941. Mapigano ya Colito ya Mei mwaka huo ndiyo yaliyoipa jina la kwanza kambi ya Dar es Salaam tunayoiita leo Lugalo. Mwaka 1944 Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki ilipita bonde la Kabaw, Burma, kwa mvua na matope, hadi Kalewa kwenye mto Chindwin. Waliorudi walipewa nyota kulingana na walikopigana: ya 1939-45, ya Afrika, ya Burma, pamoja na Nishani ya Vita.

Tatizo ni kwamba nyota hizo Waingereza walizitoa bila jina la mtu. Ya mzee wa Ibadakuli na ya askari wa Nyasaland zinafanana kabisa. Ndiyo maana kilichobanwa kwenye utepe kina thamani.

Ukiona jani la shaba nyeusi, la mwaloni, mti wa Ulaya, kwenye utepe wa Nishani ya Vita wenye nyekundu, buluu na nyeupe, ujue mzee huyo alitajwa kwa jina katika taarifa ya vita ya kamanda wake, na jina likachapishwa katika gazeti rasmi la serikali huko London. Atajwe mara moja au mara tatu, jani ni lile lile moja. Sisi tunauona huo ni ubahili.

Nishani ya Kijeshi, iliyoanzishwa mwaka 1916 kwa ushujaa wa askari wasio maofisa, ilihesabu vizuri zaidi. Aliyeipata tena hakupewa nishani nyingine, bali kibao chembamba cha fedha juu ya utepe ule ule. Siku za kuvaa utepe mtupu, mahali pa kibao hukaa ua dogo la waridi, la fedha. Hii nayo huwa na namba, cheo na jina la mwenyewe ukingoni, igeuzeni msome.

Tarakimu 8 kwenye utepe wa Nyota ya Afrika ni jambo jingine. Guku hakuzawadiwa mara nane: alikuwa chini ya Jeshi la Nane, kaskazini mwa Afrika.

Nyota zile ni za njano, na zikisuguliwa zinang'aa. Huku kwetu, kati ya Mwadui na machimbo ya Geita, cha njano hukimbizwa kwenye mizani. Si dhahabu. Mnunuzi wa vyuma chakavu atailipia shilingi chache, na jani atalitupa kwa kuwa halina uzito.

Kwa hiyo tunaomba sehemu ya michango ya mwaka huu itengwe kwa kazi moja: kupita nyumba kwa nyumba kupiga picha nishani, tepe zake na vyeti vya kuachishwa jeshi, na kuandika jina la mzee, ukoo na kijiji, wakati wajukuu wanaomkumbuka wangali hai. Nishani zenyewe zitabaki kwa familia. Wenye za Vita vya Kagera vya 1978-79 nao wajitokeze.

Hadi tutakapofika, msizisugue, msibadilishe utepe wala msing'oe kilichobanwa. Kama jani limeanguka, litafuteni chini ya kopo.