Lelemama na Uhuru wa Tanganyika

Ndugu zanguni, tukizungumza uhuru wa Tanganyika twakimbilia safari ya Nyerere ya Umoja wa Mataifa, 1955. Sawa, lakini mie nauliza: nani aliyekijaza chama watu?

Mwingereza aliwakataza watumishi wa serikali kujiunga na TANU. Kinamama wa lelemama hawakuwa na mshahara wa serikali wa kupoteza. Mwaka huohuo wa 1955 Bibi Titi Mohamed, mwimbaji wao, alivipitia vikundi vya ngoma vya Dar es Salaam akiwaandikisha. Vikundi vilikuwa na viongozi wao tayari, na habari zikifika nyumba kwa nyumba.

Bibi Titi alifariki mwaka 2000. Leo ana barabara yenye jina lake. Wenzake wengi hatuwataji kabisa. Mwenye bibi aliye hai, basi, amuulize leo.