Cadillac ya Kuungaunga

Wimbo "One Piece at a Time", utunzi wa Wayne Kemp, uliimbwa na Johnny Cash mwaka 1976 na kushika namba 1 katika chati ya muziki wa kantri ya Billboard, Marekani.

Mhusika wake ni mfanyakazi wa kiwanda cha magari Detroit. Kila siku huunda Cadillac asizoweza kununua, hivyo anaiba moja, kipuri baada ya kipuri, vidogo akivificha katika sanduku la chakula. Miaka inapita, miundo inabadilika: giaboksi ni ya 1953, injini ya 1973, taa za mbele tatu.

Baadaye gari halisi la namna hiyo liliundwa, Cash akakabidhiwa.