Wasifu wa Wakuu na Maisha ya Wadogo: Kazi za Shekhe Abdallah Saleh Farsy Zikitazamwa Kutoka Ndau

Katika fasihi andishi ya Kiswahili, wasifu ni utanzu uliotumiwa sana na kuchunguzwa kidogo. Wahakiki wetu wameshughulikia zaidi utenzi, riwaya na tamthilia; wasifu wameuachia wanahistoria, nao wanahistoria huuchukua kama ghala la tarehe tu. Makala haya yanakusudia kuzitazama kazi za mwandishi mmoja aliyeujenga utanzu huu, Shekhe Abdallah Saleh Farsy, na kuuliza swali moja: ni maisha ya nani yanayostahili kuandikwa? Swali hili tunaliuliza tukiwa na kisiwa cha Ndau akilini, kile kisiwa kidogo cha Wabajuni kilichoko kaskazini-mashariki ya Pate.

Shekhe Farsy alizaliwa Unguja mwaka 1912. Alikuwa mwalimu, kisha kadhi wa Unguja. Mwaka 1967 alihamia Kenya, na mwaka uliofuata akawa Kadhi Mkuu wa nchi hiyo. Alifariki Muscat mwaka 1982. Wengi wanamkumbuka kwa tafsiri yake ya Kurani, iliyotoka kamili mwaka 1969. Lakini zamani kabla ya hapo, mwaka 1942, alikuwa amekwisha kuchapisha Unguja kitabu juu ya Seyyid Said bin Sultan. Na mwaka 1972 kilitoka Mombasa kitabu chake *Baadhi ya Wanavyuoni wa Kishafi wa Mashariki ya Afrika*, ambacho Randall Pouwels alikitoa kwa Kiingereza mwaka 1989.

Kitabu hiki cha pili ndicho kinachotuonyesha vizuri zaidi ufundi wake. Asili yake ni utanzu wa Kiarabu wa tarjama, yaani habari za maisha ya wanavyuoni. Mwanachuoni hutajwa kwa nasaba yake, kisha walimu wake, safari zake, wanafunzi wake na kufa kwake. Hivyo maisha ya mtu mmoja huwa pete katika mnyororo mrefu. Tumchukue Shekhe Abdallah Bakathir: alizaliwa Lamu, akasomesha Unguja, na akafa huko mwaka 1925, mwaka ule ule aliofariki Sayyid Ahmad bin Sumayt, mwenye asili ya Ngazija. Msomaji akiifuata minyororo hii huona jinsi Barawa, Lamu, Mombasa, Unguja, Ngazija na Hadhramaut zilivyofungamana kwa elimu. Tena mambo haya, ambayo zamani yalikuwa ya wajuao Kiarabu, Farsy aliyaleta kwa Kiswahili chepesi na hati za Kirumi, ili mtu wa kawaida ayasome mwenyewe. Hilo si jambo dogo.

Hata hivyo, kila mnyororo una mwanzo na mwisho, na asiyefungwa ndani yake hubaki nje. Asiyekuwa na mwalimu mashuhuri wala wanafunzi wa kumtaja hana pahali pa kuingilia. Mbinu hiyo hiyo inayohifadhi kumbukumbu za wanavyuoni ndiyo inayowaacha mabaharia, wavuvi, wakata mikoko na wanawake. Lawama hapa si ya mwandishi. Ni tabia ya chombo alichokitumia.

Wasifu wa watawala nao una mpaka wa namna nyingine. Seyyid Said, aliyefariki baharini mwaka 1856, akitazamwa kutoka Unguja ni mwanzilishi: ndiye aliyehamishia makao huko na kuustawisha ukulima wa karafuu. Akitazamwa kutoka visiwa vya kaskazini sura yake hubadilika. Katika miaka ya 1840 majeshi yake yalishindwa Siyu, mji wa Bwana Mataka. Mji huo haukutiishwa mpaka miaka ya 1860, wakati wa Seyyid Majid. Habari za Pate, zilizosimuliwa na Bwana Kitini na kuchapishwa na Stigand mwaka 1913, kisha na Alice Werner mwaka 1914-15, zinatupa mtazamo huo wa pili, kwa Kiswahili vilevile. Basi mwenye kutaka kumwelewa Seyyid Said hana budi kuzisoma habari za pande zote mbili. Wala asidhani kwamba ule wa Unguja ndio historia na huu wa Pate ni hadithi.

Je, Kiswahili kimewahi kumwandikia wasifu mtu asiye mtawala wala mwanachuoni? Naam. Shaaban Robert aliandika *Wasifu wa Siti Binti Saad*, uliotoka mwaka 1958. Siti alizaliwa Fumba katika umaskini, akauza vyungu, kisha akawa mwimbaji mashuhuri aliyekwenda Bombay kurekodi nyimbo zake mwaka 1928. Kwa kitabu hicho Shaaban Robert alithibitisha kwamba heshima ya wasifu haitokani na nasaba ya anayeandikwa. Lakini hata Siti alikwisha kujulikana kabla ya kalamu kumfikia. Hatua iliyobaki ni kumwandika asiyejulikana.

Hapa ndipo Ndau inapotuhusu. Wakati wa vita vya Shifta, kati ya mwaka 1963 na 1967, vijiji vingi vya Wabajuni vilivyokuwa barani vilihamwa, na watu wakakimbilia visiwani na miji ya kusini. Walioacha mashamba yao wakiwa watu wazima wamekwisha kufa wengi wao. Waliokuwa watoto sasa ni wazee. Hayo ni matukio ya siasa ya nchi, na walioyabeba ni watu wa historia, ingawa hawakuwa na cheo. Maisha yao yangali vinywani, kwa lafudhi ya Kibajuni.

Tunapendekeza basi kwamba idara zetu ziwapeleke wanafunzi kuyakusanya maisha hayo kwa mbinu ya Farsy mwenyewe: nasaba, safari, mwalimu wa kazi, aliofunzwa naye, na pahali alipozikwa. Nahodha naye ana aliyemfunza bahari, na fundi wa jahazi ana wanafunzi wake. Mnyororo upo, uliokosekana ni mwandishi. Na maneno ya wasimulizi yaandikwe kwa lahaja yao, yasisanifishwe, maana lahaja nayo ni sehemu ya maisha yanayosimuliwa. Kazi hii haiwezi kungoja kizazi kijacho, kwa kuwa kizazi hicho hakitakuwa na wa kumwuliza.