Mzinga
Gogo lililotobolewa ndani, likatundikwa mtini kungoja nyuki, ni mzinga. Bomba nene la chuma linalotema moto vitani, nalo ni mzinga: umbo lile lile, na anayeusogelea ovyo huumia vilevile. Rais mgeni akija kwa ziara ya kitaifa hupigiwa mizinga 21. Morogoro lipo Shirika la Mzinga, la jeshi, wala halirini asali. Vijana wa Dar es Salaam nao wakipiga mizinga huoni moshi, wanaomba hela. Neno limekaa barabara, maana ile simu ya “kaka, nitoe buku tu” hulipuka bila onyo. Nairobi, mzinga ni chupa kubwa ya pombe kali. Huko anayelipuka ni mnywaji.