Dunkleosteidae

Dunkleosteidae ni familia ya samaki waliotoweka, wa kundi la plakodermi, yaani samaki waliovaa deraya ya mabamba ya mfupa kichwani na kifuani. Waliishi baharini katika kipindi cha Devoni, zaidi ya miaka milioni 358 iliyopita.

Anayejulikana zaidi ni Dunkleosteus terrelli. Visukuku vyake vimepatikana kwa wingi katika miamba ya Cleveland, jimbo la Ohio, Marekani. Jamaa zake wa jenasi ya Dunkleosteus wamepatikana pia Moroko. Jenasi ilipewa jina mwaka 1956 kwa heshima ya David Dunkle, mtaalamu wa visukuku wa Marekani.

Ajabu kubwa ya samaki huyu ni kinywa. Hakuwa na meno ya kweli, bali makali ya mfupa yaliyosuguana na kujinoa kila alipofunga taya, mithili ya visu viwili. Utafiti wa mwaka 2007 ulikadiria kwamba aliweza kupanua kinywa kwa sehemu ndogo tu ya sekunde, kiasi cha kuyafyonza maji pamoja na windo.

Nyuma ya deraya kiunzi chake kilikuwa cha gegedu, ambayo huoza upesi. Ndiyo sababu urefu wake umebishaniwa sana: vitabu vingi vilitaja mita 8 au zaidi, lakini uchunguzi uliochapishwa mwaka 2023 umeushusha hadi takriban mita 4. Plakodermi wote walitoweka Devoni ilipokwisha.